Faili Lililofutwa Ijumaa

Kila siku ya shule Evodia aliamka kabla kuku hawajatoka bandani. Alichota maji ndoo mbili, akafagia uwanja mpaka alama za ufagio zikaonekana mstari kwa mstari, kisha akasimama mlangoni na kuita, "Shukuru! Leo tena unataka tuchelewe?"

"Nimeshavaa zamani, wewe ndiye unayebembeleza uwanja," Shukuru alijibu kutoka ndani. Alitoka akiwa amefunga vifungo vyake vyote mwenyewe, akanyoosha mkono, akashika bega la Evodia, na safari ikaanza.

Shukuru alikuwa haoni. Alizaliwa na macho mazima, lakini alipokuwa na miaka kumi aliugua homa ya uti wa mgongo, na alipopona macho hayakupona. Mwaka uleule mama yake alifariki. Febronia, mama yake Evodia, alikuwa rafiki wa marehemu tangu usichana wao, basi akamchukua mtoto akakae kwake, katika kijiji kimoja jirani na Kinampanda. Sasa Shukuru alikuwa na miaka kumi na mitatu, Evodia kumi na miwili, na wote wawili walikuwa darasa la sita.

"Jiwe hilo," Evodia alisema walipofika kwenye mteremko, katikati ya mashamba ya alizeti.

"Nalijua. Tangu Januari halijahama," Shukuru alijibu, akaliruka.

Shuleni kulikuwa na kompyuta moja tu ya mezani, na ndani ya kompyuta hiyo aliishi Babu. Usishangae. Babu lilikuwa jina ambalo watoto waliipa programu iliyokuwa ikisoma maandishi kwa sauti ya Kiswahili, sauti nzito yenye kutetemeka, ya mzee aliyekosa usingizi. Shukuru alipiga herufi kwenye kibodi, Babu akazitamka. Mwalimu Hosea aliyapiga chapa masomo ya siku, Babu akamsomea Shukuru polepole, hata mara kumi kama alitaka, bila kumkaripia. Ndiye aliyekuwa daftari lake na kitabu chake. Mashine ya maandishi ya nukta nundu, yale yanayosomwa kwa vidole, shule haikuwa nayo, wala mwalimu wa kuifundisha.

Programu yenyewe ilikuwa ya zamani, na walioitengeneza walishaacha kazi hiyo. Kwenye kompyuta mpya ilikuwa inagoma kabisa. Fundi mmoja kutoka Singida mjini, Idrissa, ndiye aliyekaa nayo siku mbili mpaka ikakubali kuongea. Aliipatanisha vipi na kompyuta ile mpya, hakuna aliyemuuliza. Ilitosha kwamba Babu anaongea.

Mwezi Januari mjomba wake Shukuru, Mzee Benson, alikuja kutoka Sekenke kwa pikipiki. Alikuwa mtu wa machimboni, mwenye vumbi hata kwenye kope. Alikaa ofisini kwa Mwalimu Hosea akasema bila kuzunguka, "Mwalimu, nampa huyu binti muhula mmoja. Akifaulu mtihani wa kufunga muhula, abaki. Akishindwa, namchukua nyumbani. Siwezi kumwacha akae darasani kama gunia, watu wanamhurumia tu."

"Nitafaulu, mjomba," Shukuru alisema. Hakusema kwa sauti kubwa, lakini tangu siku ile kila saa ya mapumziko aliimalizia mbele ya kompyuta.

Kila mtu shuleni alilijua sharti hilo. Evodia alilijua kuliko wote, maana ndiye aliyemsindikiza Shukuru kwenye kiti kile, na ndiye aliyemrudisha nyumbani.

Sasa twende kwenye Ijumaa yenyewe. Ilikuwa mwanzoni mwa Mei. Wakaguzi wa shule walitarajiwa wiki iliyofuata, na Mwalimu Hosea aliwagawia wanafunzi maeneo ya usafi. Evodia alikuwa kiongozi wa usafi, na cheo hicho alikivaa kweli kweli. Wenzake walimwogopa. Ukidondosha ganda la karanga mbele yake, utaliokota wewe na la jirani yako.

"Evodia, chumba cha kompyuta ni chako," mwalimu alimwambia. "Wakaguzi wakiingia, nisione uchafu hata kidogo."

"Ndiyo, mwalimu."

Siku ile Febronia alipita shuleni akitoka mashineni kusaga, akaondoka na Shukuru mapema. Evodia akabaki peke yake. Alifuta madirisha, akapiga deki sakafu, akatoa utando wa buibui nyuma ya kabati. Alipomaliza, akawasha kompyuta apate kufuta kioo chake vizuri. Pale pembeni ukatokea mstari mwekundu. Ujumbe ulisema kwamba nafasi ya kuhifadhia imekaribia kujaa.

Evodia akautazama. Uchafu upo hata humu ndani!

Mtu wa mahali pengine labda angeuacha. Lakini Evodia alikuwa mtoto wa wakulima wa alizeti na uwele, na kwao hakuna aliyejua kupepeta kama yeye. Ukimpa ungo, atarusha, atapuliza, atagonga pembeni, na makapi yataondoka yote. Mama yake alimfundisha tangu mdogo kwamba punje nzuri ina uzito mkononi, na kisicho na uzito kipeperuke. Basi akaketi, akaanza kuipepeta kompyuta.

Alifungua folda moja baada ya nyingine. Picha za mahafali zilifunguka, akaziacha. Mitihani ya zamani ikafunguka, akaiacha. Nyimbo za kwaya zikaimba, nazo akaziacha. Mwisho akaingia ndani kabisa, folda ndani ya folda, akakuta folda yenye faili moja tu. Jina lake lilikuwa herufi na tarakimu zisizosomeka. Akalibofya. Halikufunguka. Akalibofya tena, kompyuta ikasema haijui ilifungue kwa kitu gani. Tarehe yake ilikuwa ya miaka mingi iliyopita. Ukubwa wake ulikuwa mdogo mno, mdogo kuliko picha moja ya mahafali.

"Halina uzito," Evodia akajisemea. "Hili ni kapi."

Alibonyeza kufuta. Kompyuta ikauliza kama ana uhakika, akakubali. Ikauliza tena, safari hii kwa maneno marefu ya Kiingereza yenye alama ya onyo. Hakuyaelewa yote. Akakubali tena, kwa kuwa hakukuwa na neno la siri la kumzuia. Kisha, kama mtu anayemwaga taka shimoni, akaingia kwenye kapu la taka la kompyuta akalimwaga nalo. Mstari mwekundu ulibaki palepale, lakini hakuujali tena. Alizima, akafunga mlango, akaenda nyumbani akiimba.

Jumatatu asubuhi Shukuru aliketi kwenye kiti chake, akawasha kompyuta kama alivyozoea, akasubiri sauti. Chumba kilikuwa na watu wanne: yeye, Evodia, Mwalimu Hosea na mwanafunzi mmoja aliyeitwa Moses, aliyekuja kuchukua chaki. Babu hakuongea. Shukuru akabonyeza tena. Kimya.

"Mwalimu, Babu haamki," akasema.

Mwalimu Hosea alikuja akainama. Kwenye skrini kulikuwa na kisanduku chenye maneno ya Kiingereza, kwamba programu haiwezi kuanza kwa sababu faili fulani halionekani, na jina la faili lilikuwa limeandikwa hapo. Evodia, aliyekuwa amesimama nyuma na kitambaa mkononi, aliliona lile jina. Zile herufi. Zile tarakimu. Ni lile faili alilolifuta Ijumaa.

Mwalimu hakuusoma ujumbe mpaka mwisho. Alikuwa na haraka, wakaguzi walikuwa njiani. Aliufunga, ukatokea tena, akaufunga tena. "Shukuru, Ijumaa ulibonyeza nini?"

"Nilifanya zoezi la Sayansi tu, mwalimu, nikazima."

"Ulizimaje?"

"Kama siku zote."

Moses akadakia, "Mwalimu, huyu huwa anapapasa vitufe vyote. Mimi nimemwona."

"Ndiyo hivyo," mwalimu alisema kwa uchungu. "Nilisema asiachwe peke yake. Hiki ni chombo cha serikali, Shukuru. Umekiharibu."

Shukuru aliondoa mikono kwenye kibodi. Uso wake ulikuwa umegeukia pale Evodia aliposimama. Kisha akainamisha kichwa. "Labda nilibonyeza vibaya, mwalimu. Sikuona."

Ilikuwa saa ya kusema. Maneno yalikuwa machache tu: Ni mimi, mwalimu. Evodia aliyahisi yamefika kooni. Akafikiria cheo chake cha usafi kikivuliwa mbele ya shule nzima, akafikiria fimbo, akafikiria Moses akicheka. Akameza mate, na maneno yakashuka pamoja na mate. Alianza kufuta meza iliyokuwa safi tayari.

Mwalimu Hosea alimpigia simu fundi Idrissa. "Fundi, kompyuta yetu imekufa. Mwanafunzi asiyeona amebonyeza ovyo, kila kitu kimevurugika."

"Kama kila kitu kimevurugika itabidi niichukue yote nikaishughulikie huku," sauti ya fundi ilijibu. "Lakini sasa niko Manyoni, nina kazi ya mwezi mzima. Nivumilieni."

Mwezi mzima! Mtihani ulikuwa umebakiza wiki tatu.

Wiki hizo tatu Evodia hakuzisahau maisha yake yote. Shukuru hakulalamika, na hilo ndilo lililomuumiza zaidi. Kila alasiri alikaa kwenye mkeka uani akamwomba Evodia amsomee daftari lake. Evodia alisoma. Alisoma mpaka sauti ikakauka, alisoma kana kwamba anaweza kulipa kwa kusoma. Lakini Evodia alikuwa na kazi zake, na ng'ombe, na mavuno ya alizeti, na mwandiko wake mwenyewe ulimshinda mahali pengine. Mwisho alikuwa anakisia.

"Samahani ninakuchosha," Shukuru alimwambia siku moja. "Ningekuwa mwangalifu siku ile, tusingefika huku."

Evodia akajifanya hakusikia. Aliinuka akaenda kufukuza kuku ambao hawakuwa wamefanya kosa lolote.

Mtihani ulifika. Mwalimu wa zamu alimsomea Shukuru maswali pembeni, swali moja mara moja, maana aliwasimamia na wengine. Hesabu alizifanya kichwani, zikamponyoka. Habari ya ufahamu ilikuwa ndefu, na alipofika kwenye maswali, mwanzo wake alikuwa ameshausahau. Matokeo yalipobandikwa, Evodia aliyasoma peke yake kwanza. Jina la Shukuru lilikuwa la mwisho kabisa.

Siku ya kufunga shule, pikipiki ya Mzee Benson ilisimama uwanjani kwa Febronia.

"Shikamoo, mjomba," Shukuru alisalimu.

"Marahaba. Fungasha."

Febronia alijaribu. "Kaka, mtoto ana akili. Kompyuta ndiyo iliyomwangusha. Mpe muhula mwingine."

"Kompyuta aliiharibu mwenyewe, dada. Mwalimu kaniambia. Mimi naona aibu hata kupita pale shuleni." Alifunga kifurushi cha Shukuru kwenye kiti cha nyuma kwa mpira. "Kule kwetu kuna kazi isiyohitaji macho."

Shukuru alimkumbatia Febronia, akalia kidogo, akajifuta. Kwa Evodia alinyoosha mkono tu, akapata mkono, akaushika kwa muda. Alikuwa kama anayesubiri kitu. Evodia alisema, "Safari njema." Basi. Hayo ndiyo maneno aliyoyapata. Pikipiki ikaondoka, na vumbi lake lilikaa hewani muda mrefu.

Katikati ya Juni Febronia alisafiri kwenda Sekenke kumpelekea Shukuru unga na shuka. Alirudi siku ya pili alasiri, akaketi kizingitini bila kuvua viatu. Evodia alimletea maji. Hakuyanywa.

"Umemwona?" Evodia aliuliza.

"Nimemwona." Febronia alisema sentensi moja kwa Kinyiramba, polepole, kama anayezungumza na marehemu rafiki yake. Halafu akarudi kwenye Kiswahili. "Anaponda mawe. Wanamweka chini ya turubai na nyundo na kipande cha chuma, wanamwagia mawe ya dhahabu mbele yake, anaponda mpaka yawe kama mchanga. Asubuhi mpaka jioni. Mjomba wake anasema hahitaji macho, anasikia jiwe likivunjika. Lakini nyundo haisikii kidole, mwanangu. Amejiponda kidole cha shahada, mkono wa kulia. Ukucha umetoka, kimevimba mpaka huku. Wamekifunga kwa kitambaa cha kanga. Na anakohoa lile vumbi usiku kucha."

Evodia alisimama na kikombe mkononi. Kidole cha shahada. Kidole alichokuwa akikitumia kutafuta vile vinundu viwili vidogo kwenye kibodi ili ajue herufi ziko wapi. Kikombe kikamponyoka.

"Mama, ni mimi."

"Wewe nini?"

"Niliyemharibu Babu. Si Shukuru. Ijumaa ile ya usafi, nilifuta kitu ndani ya kompyuta. Nilidhani ni takataka. Jumatatu nikaona jina lake kwenye kioo, nikajua. Nikanyamaza." Sasa alikuwa analia kwa sauti, makamasi na machozi pamoja. "Nikanyamaza, mama! Na mtihani ukafika nikanyamaza, na mjomba akaja nikanyamaza!"

Febronia hakumpiga. Alimtazama kwa muda mrefu, na Evodia angeona afadhali kipigo kuliko macho yale.

"Huyu mtoto alilala na wewe mkeka mmoja miaka mitatu," mama alisema. Akainuka, akajitanda kanga yake. "Osha uso. Tunakwenda kwa mwalimu."

"Utamwambia wewe, mama?"

"Mimi? Mimi nilifuta nini? Utasema kwa mdomo wako."

Mwalimu Hosea aliishi kwenye nyumba ya walimu, nyuma ya shule. Walimkuta akichambua maharage na mke wake. Evodia alisema yote, kuanzia mstari mwekundu mpaka kapu la taka. Alipomaliza, mwalimu alikuwa ameshikilia punje zilezile mkononi.

"Faili moja tu?" akauliza.

"Moja tu, mwalimu."

Mwalimu aliingia ndani akachukua funguo na simu. Ndani ya chumba cha kompyuta aliwasha mashine, ule ujumbe ukatokea kama ulivyotokea kila siku. Safari hii aliusoma mpaka mwisho. Kisha akampigia fundi Idrissa, ambaye kazi ya Manyoni ilikuwa bado haijamwachia, akaweka simu mezani wote wasikie, akamsomea jina la faili herufi kwa herufi.

"Ah!" fundi alisema. "Hilo tu? Mwalimu, mbona hukuniambia siku ile? Uliniambia kila kitu kimevurugika!"

"Ni faili gani hilo, fundi?"

"Ngoja niwaeleze vizuri. Bibi yangu anajua Kinyaturu tu. Nikimpeleka hospitali, daktari anajua Kiswahili na Kiingereza. Mimi nakaa katikati. Bibi akisema, namwambia daktari; daktari akisema, namwambia bibi. Sasa hiyo programu yenu inayosoma ni ya zamani, imezoea kompyuta za zamani. Nikaipa chumba chake humo ndani, ikadhani bado iko kwenye kompyuta yake ya zamani. Kila inapoomba kitu, hilo faili linapokea ombi, linaligeuza, linalipeleka kwa kompyuta mpya, na linarudisha jibu. Sisi mafundi tunayaita mafaili ya maktaba, kwa sababu programu nyingi huenda kuazima kazi humo. Halina picha wala wimbo. Ukilibofya halifunguki, maana halikuwekwa kwa ajili yako. Ukiliondoa, bibi mzima, daktari mzima, na hakuna matibabu."

Evodia aliuliza kwa sauti ya chini, "Linaweza kurudi?"

"Nani huyo? Linarudi, mbona. Nina nakala yake hapa kwenye flashi. Namtumia mwalimu kwenye simu sasa hivi."

Fundi alilituma. Mwalimu aliunganisha simu na kompyuta kwa waya, fundi akimwelekeza, fungua hapa, bandika pale, zima, washa. Febronia alikaa kwenye benchi, mikono mapajani. Mashine ilipowaka, sauti nzito yenye kutetemeka ikasema, "Karibu. Andika neno."

Hakuna aliyefurahi. Mwalimu Hosea alitazama saa ya ukutani. Kazi nzima ilikuwa imechukua nusu saa.

"Nusu saa," alisema. Akavua miwani akajifuta uso. "Jumatatu ile ile, nusu saa." Evodia alidhani sasa atapigwa. Lakini mwalimu hakuwa anamtazama yeye, alikuwa anautazama mlango. "Na mimi maneno yalikuwa mbele ya macho yangu, sikuyasoma. Nilikuwa nimeshaamua ni nani."

Kesho yake walikwenda Sekenke, watu watatu: Febronia, mwalimu na Evodia. Walimkuta Shukuru chini ya turubai, mweupe kwa vumbi toka nywele mpaka magoti, akiponda kwa mkono wa kushoto. Mzee Benson alitoka shimoni akawapa mikono. Mwalimu alisema kwa ufupi kilichowaleta, kisha akamsukuma Evodia mbele kidogo.

Evodia alisema tena yote. Kusema mara hii kulikuwa kugumu kuliko mara zote mbili, kwa sababu Shukuru aliacha kuponda akasikiliza, na uso wake haukubadilika hata kidogo.

"Jumatatu ile," Shukuru aliuliza mwisho, "ulikuwa umesimama nyuma yangu?"

"Ndiyo."

"Nilikusikia ukipumua. Ulipumua vibaya, kama umekimbia. Nikajua kuna kitu unakijua." Alikohoa, akatema pembeni. "Nikasema moyoni, atasema. Ni Evodia, lazima atasema. Nikasubiri. Hata siku naondoka nilikushika mkono, nikasubiri."

"Nisamehe, Shukuru."

"Sijui," Shukuru alisema. "Sasa hivi kidole kinauma. Niulize siku nyingine."

Mzee Benson alikuwa amekaa juu ya jiwe, kofia mkononi. Alionekana mzee ghafla. "Mwalimu," akasema, "mliniambia binti wa dada yangu ameharibu mali ya serikali. Nikamwambia hivyo hapa, mbele ya wachimbaji, mbele ya watu wote. Nikamwita mharibifu." Akainuka. "Nitamrudisha. Lakini utaandika barua kwa mkono wako, na muhuri wa shule, kwamba hakuharibu. Nataka nisomewe hapa, watu hawahawa wakisikia."

"Nitaandika," mwalimu alisema. "Na nitakuja kuisoma mwenyewe."

Alikuja kweli, wiki iliyofuata, akaisoma mbele ya turubai, wachimbaji wamesimama na nyundo zao. Siku hiyohiyo akaondoka na Shukuru. Walipitia hospitali ya Kiomboi. Daktari alikisafisha kidole, akakifunga, akasema kitapona lakini hakitakunjika tena. Kifua akasema kipumzishwe, kisionje lile vumbi tena. Kwa mtihani alioshindwa, ilikubaliwa Shukuru apimwe upya muhula wa pili, akiwa na Babu.

Shule ilipofunguliwa Julai, asubuhi ya kwanza wote walipanga mstari. Evodia aliitwa mbele. Alivua mwenyewe kitambaa cha uongozi wa usafi, akakiweka mezani, akasema kwa sauti iliyofika mpaka mstari wa mwisho kwamba Shukuru hakuharibu kompyuta, ni yeye, na alinyamaza. Moses aliangalia viatu vyake. Shukuru alisimama mstari wa mbele, kidole kimefungwa bendeji nyeupe, uso umeinuliwa.

Mwalimu Hosea hakutabasamu. "Wanangu," alisema, "Ijumaa ile Evodia alikosea. Alitupa kitu kwa sababu hakujua kazi yake. Kosa hilo ningelisamehe siku hiyohiyo, na nusu saa ingetosha. Siku nyingine msichokijua, ulizeni kabla hamjakifuta. Lakini lililomtoa Shukuru shuleni ni Jumatatu. Aliyejua hakusema, na mimi niliyepaswa kuuliza sikuuliza, nikamtwisha mtoto asiyeona kosa lisilo lake. Faili tumelirudisha. Kidole hakirudi. Ukikosea, sema siku ileile, hata kama mdomo unatetemeka, maana ukinyamaza yupo mwenzako anayeumia badala yako. Sasa nendeni darasani."

Walikwenda mstari kwa mstari, na siku ile hakuna aliyepiga kelele.